Kanda Kanda, Kanda kwa Kanda, na Kikanda

Yako maneno ambayo hupita masikioni mwetu kila siku kama wageni wenye heshima: twawapisha njia, wala hakuna awaulizaye watokako wala waendako. Mojawapo ni neno hili kikanda. Twalisikia redioni, twalisoma katika karatasi zibandikwazo penye ofisi ya kata, na hata katika matangazo yasomwayo kanisani baada ya ibada: chanjo itatolewa kikanda, mbolea itagawiwa kikanda, semina itafanyika kikanda. Msomaji husoma, wasikilizaji huitikia kwa kichwa, na kila mtu huenda nyumbani na maana yake mwenyewe.

Katika makala hii nataka kulipima neno hilo, tuone lafaa wapi na halifai wapi, na kulilinganisha na ndugu zake wawili, yaani kanda kanda na kanda kwa kanda. Siandiki ili kuwacheka waandikao matangazo, maana kazi yao si nyepesi. Lakini mtu wa kijijini aweza kupoteza siku ya kazi, na pengine mali, kwa ajili ya neno moja lisilojulikana limekusudia nini. Basi hilo si jambo dogo.

Kwanza tuangalie shina. Ukanda ni kipande kirefu chembamba, hasa cha ngozi, ambacho mtu hujifunga kiunoni au hufungia mzigo. Wingi wake ni kanda. Tusilichanganye na ule mfuko wa ukili uitwao kanda, wala na kitendo cha kukanda unga, kwa kuwa hayo ni maneno mengine yafananayo nalo kwa sauti tu. Kutoka kiunoni mwa mtu neno hili limehamia juu ya nchi: sehemu ya nchi iliyo ndefu isiyo pana, kama ile ifuatayo bahari, yaitwa ukanda wa pwani. Wayunani nao walifanya vivyo hivyo. Neno lao zōnē, ambalo lugha nyingi za Ulaya zimelirithi kwa kutaja sehemu za nchi, maana yake ya kwanza ni mshipi wa kiunoni. Ndilo neno lililoandikwa katika Injili ya Mathayo, sura ya 3, palipoelezwa mavazi ya Yohana Mbatizaji. Hivyo msomaji wa Injili akutanapo na mshipi ule wa ngozi, na ajue ya kuwa amekutana na babu wa maneno mengi ya wanajiografia.

Sasa, tukiwa na kanda nyingi, na tukitaka kusema jinsi vitu vilivyopangwa katika kanda hizo, Kiswahili chatupa njia zaidi ya moja. Wala njia hizo si sawasawa. Ili tuone tofauti zake, tuziache kanda kidogo, tutwae neno jepesi ambalo kila mtoto wa shule hulijua, yaani mstari.

Mama akienda dukani kununua kitambaa, aweza kusema, “Nataka kile cha mistari mistari.” Hakuna atakayemwelewa vibaya. Ataka kitambaa ambacho jicho likikitazama huona mstari, na mwingine, na mwingine, vyote kwa mara moja. Mwalimu naye akimwambia mtoto, “Soma mstari kwa mstari,” hasemi habari ya sura ya ukurasa. Amwagiza mtoto aanze na mstari wa kwanza, aumalize, ndipo aende kwa wa pili, wala asiruke. Tena tajiri wa duka akisema ya kwamba kazi ya uandishi hulipwa kwa mistari, asema habari ya kipimo: hesabu ya mistari ndiyo itakayoamua malipo. Neno ni moja, mstari, lakini limetupa habari tatu: sura ya kitu, mwendo wa kazi, na kipimo cha kugawia. Nasi tuliozaliwa katika lugha hii hatuzichanganyi hata tukiwa usingizini.

Basi turudi kwenye kanda, tuzitazame njia hizo moja moja.

Njia ya kwanza ni kulirudia neno: kanda kanda. Hii huonyesha sura, yaani jinsi kitu kilivyolala au kilivyokaa. Sisi tukaao miteremko ya Kilimanjaro tuna mfano wake mbele ya macho yetu kila asubuhi mawingu yakiondoka. Chini kabisa ni uwanda mkavu, penye mashamba ya mahindi na maharage. Juu yake ni vihamba, migomba na kahawa chini ya miti mirefu, hata karibu mita 1,800. Halafu waja msitu mzito, ushikao mvua na kutulisha mito. Msitu ukikoma, karibu na mita 3,000, huanza vichaka na nyasi za baridi. Kupita mita 4,000 ni jangwa la mawe na vumbi, na mwisho ni barafu iliyosalia, ambayo yazidi kupungua, karibu na kilele cha Kibo chenye mita 5,895. Mtu akiutazama mlima huo kwa mbali, aweza kusema kwa haki ya kuwa mimea yake imepangwa kanda kanda. Hakuna aliyekwenda wala aliyerudi. Hakuna zamu wala amri. Ni sura tu.

Hapa wengine huuliza: kwa nini tusiseme tabaka tabaka, hali sehemu hizo ziko moja juu ya nyingine? Swali ni zuri. Fundi wa kisima achimbapo hukuta udongo mweusi, kisha kichanga, kisha mfinyanzi, kisha kokoto. Kila kimoja kimelala juu ya mwenziwe na kumfunika. Hizo ndizo tabaka. Lakini msitu wa Kilimanjaro haukufunika vihamba. Umekaa kando yake, kwa upande wa juu, nawe waweza kutoka kihambani ukaingia msituni kwa miguu yako. Kwa hiyo mimi huwafundisha watoto hivi: ukihitaji kutembea ili ufike sehemu ya pili, sema kanda, ukihitaji kuchimba, sema tabaka. Tena jihadhari na neno kitabaka, maana siku hizi limekwisha kushikwa na habari za matajiri na maskini. Ukiandika ya kwamba udongo wa shamba lako umepangwa kitabaka, msomaji atashangaa ni udongo gani ulio na ubwana na utumwa.

Kulirudia neno namna hii ni desturi iliyo na heshima kubwa, wala si mchezo wa watoto. Katika Injili ya Marko, sura ya 6, twasoma jinsi Bwana Yesu alivyowalisha wanaume 5,000. Aliagiza waketishwe katika majani mabichi, nao wakaketi kwa mafungu ya mia na ya hamsini. Katika Kiyunani Marko amelitaja neno la mafungu mara mbili mfululizo, kama vile sisi tusemavyo mafungu mafungu. Tena neno alilolichagua kwa yale mafungu yalivyokaa maana yake hasa ni vitalu vya bustani, nalo pia amelirudia, kana kwamba asema vitalu vitalu. Mtu aliyewahi kupanda mboga huiona picha hiyo papo hapo: makundi yaliyopangwa vizuri juu ya majani, na vijia katikati ambamo Mitume waliweza kupita na mikate. Neno lililorudiwa latosha kuonyesha yote hayo.

Njia ya pili ni kutia kwa katikati: kanda kwa kanda. Hii huonyesha mwendo na utaratibu wake. Ni sawa na nyumba kwa nyumba, kijiji kwa kijiji, mwaka kwa mwaka. Mwinjilisti apitaye nyumba kwa nyumba hawezi kuwa katika nyumba mbili kwa saa moja. Amaliza hii, aenda ile. Mtu mwerevu aweza kunipinga kwa kusema, “Mbona twasema bega kwa bega na uso kwa uso, wala hapana zamu hapo?” Kweli. Lakini angalia: maneno hayo ni ya viungo vya mwili, navyo ni vya watu wawili wakutanao au wasimamao pamoja. Likiwa ni jina la mahali au la wakati, mara nyingi kwa ya katikati huleta mfuatano.

Tofauti ya njia hizi mbili yaonekana wazi katika kitabu cha Hesabu, sura ya 2. Humo twaambiwa jinsi wana wa Israeli walivyopiga kambi kuizunguka hema ya kukutania. Upande wa mashariki walikaa Yuda, Isakari na Zabuloni. Kusini Reubeni, Simeoni na Gadi. Magharibi Efraimu, Manase na Benyamini. Kaskazini Dani, Asheri na Naftali. Na Walawi walikuwa katikati. Hiyo ni sura ya kukaa, na mtu angeweza kusema walikaa kambi kambi. Lakini sura hiyo hiyo yaeleza pia jinsi walivyosafiri: Yuda na wenziwe hutangulia, Reubeni hufuata, kisha hema pamoja na Walawi, kisha Efraimu, na Dani huwa wa mwisho. Huo ni mwendo. Hapo yafaa kusema waliondoka kambi kwa kambi. Mwandishi hakuridhika kusema neno moja tu la kwamba walipangwa. Alijua ya kuwa watu maelfu na maelfu, wenye watoto na mifugo, wangesongana na kukanyagana kama wasingejua mambo mawili: wakae wapi, na waondoke lini.

Njia ya tatu ni kutanguliza kwa mbele ya wingi: kwa kanda. Hii ni njia ya kugawia na kuhesabu. “Mazao ya mwaka huu yameorodheshwa kwa kanda,” maana yake, anayetaka hesabu ataikuta imegawanywa kufuata kanda, kila moja na jumla yake. Katika Kitabu cha Kwanza cha Wafalme, sura ya 4, Sulemani aliweka wasimamizi 12 juu ya Israeli, kila mmoja na sehemu yake, na kila mmoja alitoa chakula cha nyumba ya mfalme mwezi mmoja katika mwaka. Tukisema chakula kiligawiwa kwa sehemu, tumetaja kipimo cha mzigo. Tukisema kilitolewa sehemu kwa sehemu, tumetaja zamu. Mambo hayo mawili yalikuwa pamoja katika mpango wa Sulemani, na kila msimamizi alipaswa kuyajua yote mawili. Kwa maana aliyejua kiasi chake asijue mwezi wake angemwacha mfalme na njaa.

Sasa tumefika kwa neno lenyewe, kikanda. Kiambishi hiki ki- kikitangulia jina, kazi yake ya asili ni kuonyesha namna au mfano. Amesema kitoto, yaani kama mtoto asemavyo. Amevaa kizee, amepigana kishujaa, ameketi kifalme. Hakuna mtu asikiaye “wamesema kitoto” akadhani ya kuwa walisema mtoto mmoja mmoja, au ya kuwa watoto waligawanywa katika mafungu. Kwa asili yake, basi, kikanda ingekuwa “kwa namna ya kanda,” nayo ni maana isiyo na nguvu sana, kwa kuwa kanda haina tabia ijulikanayo kama mtoto au mfalme.

Lakini lugha haisimami. Katika habari za serikali na za makanisa, ki- imepewa kazi nyingine, nayo ni kutaja daraja. Twasikia, “Sherehe hizi kitaifa zitafanyika Dodoma, na kimkoa zitafanyika Moshi.” Maana yake, sherehe iliyo ya daraja la taifa itakuwa pale, na ile ya daraja la mkoa itakuwa hapa. Vivyo hivyo kwa maonyesho ya wakulima ya Nane Nane, ambayo kwa miaka mingi yamefanywa katika viwanja vya kanda, kama vile Themi mjini Arusha kwa mikoa ya kaskazini, na uwanja wa John Mwakangale mjini Mbeya kwa Nyanda za Juu Kusini. Mtu akisema, “Maonyesho kikanda yatakuwa Themi,” amesema sawa, nami sina la kumkosoa. Hapo neno limepata kazi yake: kanda yote nzima yakutana mahali pamoja.

Tena iko kazi ya pili iliyokubaliwa, yaani kulifanya liwe sifa ya jina: ushirikiano wa kikanda, soko la kikanda. Hapo mara nyingi kanda ni kubwa kuliko nchi. Jumuiya ya Afrika Mashariki, ambayo mkataba wake ulitiwa sahihi mwaka 1999 ukaanza kutumika mwaka 2000, huitwa jumuiya ya kikanda, kwa sababu imeunganisha nchi zilizo jirani. Basi tazameni: neno moja laweza kumaanisha mikoa mitatu ya kaskazini ya Tanzania, au nchi nyingi pamoja. Msomaji asipoambiwa ni kanda ipi, hana budi kubahatisha.

Shida yenyewe huanza pale neno lenye kazi hizo mbili likibebeshwa pia kazi za ndugu zake: sura, mwendo, na kipimo. Nitatoa mfano. Kata moja ya huku mlimani ina ukanda wa juu, wa kati na wa chini. Likasomwa tangazo la ofisi moja, ambayo sitaitaja, lililosema hivi kwa ufupi: chanjo ya mbuzi na ng’ombe itafanyika kikanda kuanzia Jumatatu, na wenye mifugo wote wahudhurie. Watu wa juu wakafahamu ya kuwa kila ukanda utakuwa na mahali pake siku ile ile, wakawangoja wataalamu kwao. Watu wa kati wakafahamu ya kuwa ni zamu, kanda kwa kanda, kuanzia chini, kwa hiyo siku yao ni Jumanne. Watu wa chini wakafahamu ya kuwa kanda zote zakutana mahali pamoja, kama Nane Nane, wakaswaga mbuzi wao kupanda mpaka kiwanja cha mnada. Wataalamu walikuwa wamekusudia zamu kuanzia juu. Watu wa chini wakarudi jioni na wanyama waliochoka, mmoja wao mama mjane mwenye mbuzi watatu na mtoto mgongoni. Wa kati walikuja siku yao kwa bahati tu. Na juu dawa iliyokwisha kuchanganywa ikamwagwa, kwa kuwa dawa ya namna ile ikichanganywa haikai, nao wanyama hawakufika kwa wakati.

Hapo nani alikuwa mjinga? Baadhi ya watu wa ofisini walisema wanakijiji hawasikii. Mimi nasema walisikia vema mno. Kila kundi lilichukua maana moja ambayo neno lile laweza kuibeba, likaitii. Kosa lilikuwa katika karatasi, si katika masikio.

Liko jambo la pili ambalo neno hili hulificha, nalo ni hili: kanda ya nani? Kijiji, kata, tarafa, wilaya na mkoa ni ngazi za serikali zenye mipaka na wakuu wake. Kanda sivyo. Kila ofisi yaweza kuzikusanya sehemu zake kufuata kazi yake. Mfano mmoja wa kweli ni mkoa wa Shinyanga. Katika uchunguzi wa taifa wa hali ya watu na afya wa mwaka 2010 uliwekwa katika Kanda ya Magharibi, pamoja na Tabora na Kigoma. Katika ule wa mwaka 2015–2016 ukawekwa katika Kanda ya Ziwa. Wenyeji wa Shinyanga walibaki pale pale. Kilichohama ni mshipi. Lugha yenyewe yajaribu kutuonya hapa, maana twasema ukanda wa pwani tunapotaja nchi jinsi ilivyolala, bali twasema Kanda ya Ziwa tunapotaja mgawo uliofanywa na watu. Wa kwanza umefungwa na bahari yenyewe. Ya pili imefungwa ofisini, na ofisi ikitaka yaweza kuifungua.

Kusahau ya kwamba kanda hufungwa na watu kumewapotosha hata wenye elimu kubwa. Wataalamu wa kale wa Kiyunani waliigawa dunia mishipi mitano: mmoja wa joto katikati, miwili ya hali ya kiasi, na miwili ya baridi kwenye ncha. Aristotle aliandika ya kuwa ule wa katikati haukaliki kwa ukali wa jua. Fikra ya namna hiyo ilikuwa na mizizi mirefu. Tarehe 11 Mei 1848 mmisionari Johannes Rebmann aliuona mlima wetu, akaarifu ya kuwa una theluji. Huko Uingereza William Desborough Cooley, mtu aliyeandika sana habari za Afrika naye hajafika huku, akakataa kuisadiki habari hiyo, na wengine wakamfuata. Kwao theluji karibu digrii 3 tu kusini ya ikweta ilikuwa jambo lisilowezekana. Safari za Karl Klaus von der Decken za mwaka 1861 na 1862 ndizo zilizowathibitishia wengi. Wakati wote huo wakulima wa Uchaga walikuwa wakiitazama theluji hiyo kila siku kutoka vihambani mwao. Waliokuwa mbali waliitegemea ramani, na ramani ilisema ya kuwa ukanda wote ni wa joto.

Najua baadhi ya wasomaji watasema, “Mwalimu, watutesa. Kikanda ni neno fupi, na kila mtu hulitumia. Kwa nini utuletee maneno marefu?” Nakubali ya kuwa ufupi ni kitu kizuri. Lakini tupime. Kusema kikanda ni neno moja. Kusema kanda kwa kanda ni matatu. Aandikaye ameokoa maneno mawili. Mama mjane amepoteza siku nzima. Katika hesabu ya namna hiyo mimi sioni faida. Wala sisemi kwamba neno hili litupwe. Nasema lifanye kazi zake mbili, daraja na sifa, na kazi nyingine zirudishwe kwa wenyewe.

Wengine watasema ya kuwa kurudia neno ni mtindo wa mazungumzo, haufai katika barua rasmi. Hao nawaomba wakumbuke Marko na vitalu vyake. Kilichomfaa Mwinjilisti kwa habari kuu kama ile hakiwezi kuwa duni kwa tangazo la mbolea.

Basi nitoe shauri kwa wenzangu walimu, makatekista, wazee wa kanisa na wenyeviti wa vijiji, ambao ndio wasomao na kuandika matangazo mengi. Neno kikanda likikujia kalamuni, jiulize kwanza: je, nataja daraja la mkutano? Kama ndivyo, liandike, kisha utaje kanda yenyewe na mahali. Ukitaka kueleza jinsi vitu vilivyolala, andika kanda kanda. Ukitaka kueleza zamu, andika kanda kwa kanda, na usiache kutaja inayoanza. Ukitaka kueleza mgawo, andika kwa kanda, na utaje kiasi cha kila moja. Ikiwa kila kanda itafanya kazi yake peke yake kwa wakati mmoja, usitafute neno la kipekee. Sema tu, kila kanda mahali pake. Hapo tangazo lile la chanjo lingeandikwa hivi:

“Chanjo ya mbuzi na ng’ombe itatolewa kanda kwa kanda. Jumatatu ni ukanda wa juu, penye uwanja wa shule. Jumanne ni ukanda wa kati, penye kiwanja cha mnada. Jumatano ni ukanda wa chini, penye josho. Kila mtu apeleke wanyama wake siku ya ukanda wake.”

Tangazo hilo ni refu kuliko lile la kwanza, lakini halina neno ambalo bibi asiyejua kusoma hawezi kulibeba kichwani mpaka nyumbani na kuwaambia wajukuu bila kulipotosha. Msomaji wa tangazo naye ana wajibu wake. Akikuta kikanda katika karatasi aliyopewa, asilisome upesi na kukaa. Amwulize aliyeileta, kabla ya ibada, “Ni zamu, au ni mahali pamoja? Waanza akina nani?” Swali hilo si utovu wa adabu. Mtume Paulo, katika Waraka wa Kwanza kwa Wakorintho, sura ya 14, amesema habari ya tarumbeta itoayo sauti isiyojulikana, akauliza ni nani atakayejiweka tayari kwa vita. Na asomaye mbele ya watu ndiye apigaye tarumbeta hiyo siku ile.

Haya ndiyo niliyoyaona mimi. Huenda katika nchi za pwani, au kule Ziwani, watu wana neno jingine lililo bora kuliko haya kwa kutaja zamu ya sehemu na sehemu. Kama lipo, mwenye kulijua na alilete katika gazeti hili pamoja na mifano yake, ili nasi huku mlimani tulipate na kulitumia.